Milimita Moja kwa Siku

Kioo kilikuwa cha dirisha la kanisa dogo, nje ya Marinha Grande,
kipande chembamba kama ulimi wa paka.
Hakikumuuma Deolinda. Hilo ndilo analolikumbuka:
aliona damu kwanza,
kisha akauona mkono, kisha akajiuliza ni wa nani.

Neva ya kati hupita pale, juu ya kifundo,
nene kama tambi iliyopikwa, nyeupe ya lulu,
na ndani yake nyuzi maelfu, kila moja na ala yake.
Hizi hupandisha habari: baridi, ncha, moto, hariri.
Hizi huteremsha amri kwa dole gumba: kunja, shika, achia.
Na zile nyembamba kupita zote, watumishi wasioagizwa,
hufungua vitundu vya jasho mwenyewe akiwa amelala.

Daktari Quaresma aliiunga kwa uzi usioonekana,
saa nne kwenye darubini,
akanikabidhi mkono ungali unanuka iodini.
Kazi yangu ni kungoja. Naiita tiba,
maana hospitali hailipi mshahara wa kungoja.

Nikamweleza: chini ya mkato nyuzi zote zimekufa,
imebaki mirija mitupu.
Akacheka. Mirija anaijua;
babake alipuliza kioo miaka thelathini na mmoja.
"Na hii ataipuliza nani?"
Hakuna. Uzi wenyewe utatambaa kutoka juu,
ndani ya ala ya marehemu wake,
milimita moja kwa siku, ikiwa siku ni njema.
Hadi ncha ya kidole cha shahada ni sentimita ishirini na mbili.
Hakuipenda hesabu hiyo. Hata mimi siipendi.

Aprili, kimya.
Mei akaunguza kidole kwenye kikaango cha dagaa,
akajua kwa harufu.

Juni nikagonga, kama ninavyogonga kila mwezi,
polepole, kutoka kiwiko kushuka,
kama mtu anayetafuta msumari nyuma ya ukuta.
"Hapo!" Umeme umemrukia hadi kiganjani.
Nikachora mstari kwa kalamu ya buluu.
Julai mstari mwingine, chini yake. Agosti mwingine.
Wazazi hupima hivyo kimo cha mtoto kwenye mwimo wa mlango,
ila mtoto huyu anakua kwenda chini.

Siku moja nilileta beseni la maji vuguvugu.
Mikono yote miwili, dakika ishirini na tano,
tukazungumza juu ya misonobari iliyoungua, juu ya dada yake wa Lyon.
Vidole vya kushoto vikakunjamana kama vya kila afuaye nguo.
Kulia, kidole kidogo kikakunjamana: kina neva nyingine, haikuguswa.
Cha pete kikakunjamana nusu,
mpaka umepita katikati yake kama ua la mashamba mawili.
Gumba, shahada na cha kati vikabaki laini,
vidole vya sanamu.
Aliviangalia kwa muda mrefu kuliko alivyowahi kuliangalia kovu.
"Havijui kama vimelowa," akasema.
Sikuwa na jibu. Nikampa taulo.

Novemba mvua ilinyesha wiki nzima.
Deolinda akaingia bila kubisha, glavu mkononi,
akauweka mkono wa kulia juu ya meza yangu, kiganja juu.
Alikuwa ametoka kuosha vyombo.
Kwenye dole gumba, mikunjo miwili,
midogo, ya kutiliwa shaka.
Nikawasha taa. Mitatu.

Basi nikamwambia afumbe macho.
Nikachukua unyoya, nikamgusa ncha ya kidole cha shahada.
Akanyamaza. Nikagusa tena.
"Cha kati," akasema, anatabasamu. "Umenigusa cha kati."

Nyuzi nyingine, zikitambaa gizani, huingia mrija usio wao.
Barua ilikuwa imefika,
ila kwa jirani.
Sikumsahihisha siku hiyo.
Nikaandika tarehe.